Jina la Mwisho kwenye Karatasi

Mtaani kwake Tabora wanamwita Profesa. Mama wa genge anamwita Profesa, vijana wa bodaboda pale kona wanamwita Profesa, hata kanisani matangazo yakisomwa utasikia kwamba Profesa wetu ataimba besi Jumapili ijayo. Yeye huwasahihisha kila mara. Huitikia marahaba kwanza, kwa sababu salamu haina kosa, kisha husema, "Daktari inatosha." Watu hucheka wakidhani ni unyenyekevu wa wasomi. Si unyenyekevu. Ni mtu anayekataa kuitwa kwa cheo ambacho chuo kikuu kilimnyima mara tatu, na mara ya tatu mimi nilikuwamo ndani ya chumba kile, nimekaa kiti cha pili kutoka mlangoni, nimefunga mdomo.

Ninaandika nikiwa na hasira na sioni haya kusema hivyo. Nimesoma tanzia na hotuba nyingi za kuagana ambamo mtu aliyeonewa anasifiwa kwa uvumilivu wake, na waliomwonea ndio wanaoshika kipaza sauti. Mimi sitaki kumsifu kwa uvumilivu. Nataka ijulikane alikuwa mtu wa namna gani, kazi yake ilikuwa nini, na tulimfanya nini.

Mimi humwita Mwalimu. Alinifundisha hisabati chuoni, akasimamia tasnifu yangu ya uzamivu, kisha nikawa mwenzake katika idara moja, milango yetu ikitazamana. Jina langu la ukoo linaanza na herufi ya kwanza ya alfabeti. Lake linaanza na mojawapo ya zile za mwisho, zile ambazo darasani mwalimu akiita mahudhurio anazifikia wakati wenzako wameshaanza kupiga soga. Jambo hilo dogo la majina lilimharibia maisha yake ya kazi, na likatengeneza ya kwangu.

Alikuwa na maswali machache na aliyatumia kwa kila mtu bila kubagua. La kwanza lilikuwa, "Nani kakwambia?" Ukimwambia mvua imechelewa mwaka huu, atauliza nani kakwambia. Ukimwambia maharage haya hayahitaji kulowekwa, atauliza. Siku moja tulikuwa msibani Ipuli, mzungumzaji akasema marehemu hakuwa na adui hata mmoja duniani, na Mwalimu akauliza kwa sauti ya kawaida, kama yuko kwenye semina, "Nani kakwambia?" Mkewe alimkanyaga mguu mpaka akachechemea hadi makaburini.

Mtu huyuhuyu aliyetaka ushahidi wa maharage alikuwa na chupa ya mizizi aliyoletewa na shangazi yake kutoka kijijini, akiinywa kila asubuhi kwa ajili ya mgongo. Nilimuuliza nani kamwambia inafaa. Akasema, "Shangazi," na mjadala ukaishia hapo.

Sifa hakujua kutoa. Ukimpelekea uthibitisho uliokutoa jasho mwaka mzima, atausoma, ataugeuza, ataukalia siku kumi, kisha atasema, "Haujavunjika bado." Hiyo ndiyo ilikuwa sifa yake kubwa kuliko zote. Nimeisikia mara mbili maishani. Na alikuwa mzembe kwa namna yake: rasimu ya tasnifu yangu aliikalia miezi kumi na mmoja, nikakosa nafasi ya ufadhili nje ya nchi kwa sababu hiyo, na nilipomlalamikia alisema sura ya nne ina hatua nimeiruka. Ni kweli nilikuwa nimeiruka. Bado sijamsamehe ile miezi kumi na mmoja.

Lakini baba yangu alipofariki nikaenda Nzega kuzika, nilirudi baada ya wiki mbili nikakuta vipindi vyangu vyote vimefundishwa. Hakuna aliyemwomba. Alikuwa amefundisha vyake, akavuka korido akafundisha na vyangu, akasahihisha na majaribio. Pole hakunipa hata siku moja. Aliniachia mezani rundo la karatasi zilizosahihishwa na kipande cha chaki juu yake.

Chaki ilikuwa haikosi mfukoni mwake. Kila likizo alirudi Tabora, na kila asubuhi alitembea kutoka Kwihara kuja mjini, ile njia waliyopita wapagazi wa misafara na pembe za ndovu mabegani wakielekea pwani. Alipopata wazo aliinama akaandika juu ya jiwe, juu ya kalvati, mara moja juu ya tangi la maji la shule ya watu. Wazee wa Kwihara walimzoea. Walimsalimu, "Mwangaluka," wakapita pembeni ili wasikanyage maandishi.

Swali lake la maisha alilitoa kwenye njia hiyohiyo. Aliwaeleza watu hivi. Una nchi yenye visima, na kati ya kisima na kisima kuna vijia. Msafara unataka kufika kila kisima mara moja tu, usirudie hata kimoja, kwa sababu kisima kilichokwisha kuchotwa kina maji machache na watu wenye hasira. Je, ukitazama ramani tu, kabla hujatembea, unaweza kujua kama safari hiyo inawezekana? Mtoto wa darasa la tatu anaelewa swali. Kulijibu kwa ramani zote hakuna aliyeweza, dunia nzima. Mwalimu alichukua aina fulani ya ramani, zile zenye ulinganifu wa namna yake, akasema hizi nitazijua. Alizifuata kwa miaka zaidi ya thelathini.

Mimi nilijiunga naye kwenye swali hilo baada ya uzamivu. Nilifanya kazi ya punda. Miaka miwili nilichukua ramani moja baada ya nyingine, nikahesabu visima, nikapanga makundi, nikajaza madaftari. Kila kundi lilikuwa na namna yake ya kukataa. Nilikuwa karibu kuacha.

Siku moja mwisho wa likizo tulikuwa stesheni ya Tabora tukisubiri treni ya kurudi chuoni. Mabehewa ya Kigoma yalikuwa yamefika, ya Mwanza yalikuwa bado yako Bukene, na bila kuunganishwa hatuondoki. Nilikuwa nimekaa juu ya begi langu na daftari mapajani.

"Unafanya nini?" akaniuliza.

"Nahesabu visima, Mwalimu."

"Umevihesabu miaka miwili. Hebu nione."

Alisoma daftari zima, amesimama, kwa muda wa saa nzima. Kisha akapiga magoti pale kwenye saruji, akatoa chaki.

"Achana na visima," akasema. "Hesabu vile vijia ambavyo msafara haukupita."

Akachora. Mama mmoja aliyekuwa amekaa karibu na ndoo zake za asali akazisogeza ili apate nafasi. Makundi yangu kumi na saba, yaliyokuwa yanakataa kila moja kwa namna yake, yalianza kukubali kwa namna moja. Mchoro ulipofika miguuni kwa mkaguzi wa tiketi, yule bwana aliutazama, akauliza kama tunapima eneo la kujenga. Mwalimu akamwambia ndiyo. Treni ilipoondoka nilikuwa na lile jibu lote kichwani, na miezi minne iliyofuata niliiandika makala peke yangu, hatua kwa hatua, bila kuruka hata moja. Alipomaliza kuisoma alisema haijavunjika bado. Hiyo ilikuwa mara ya pili.

Makala ilitoka kwenye jarida la heshima, majina yetu mawili juu, langu kwanza, lake la pili. Na hapa ndipo hasira yangu inapoanzia, kwa hiyo nieleze taratibu. Sisi watu wa hisabati tukiandika pamoja tunapanga majina kwa alfabeti. Ni desturi, ya zamani, na iko dunia nzima. Hatusemi nani kafanya zaidi, kwa sababu mara nyingi hakuna anayejua. Wenzetu wa fani nyingine hawana desturi hiyo. Kwa watu wa udongo, wa samaki, wa tiba ya mifugo, wa kwanza ndiye aliyefanya kazi, na wanaofuata ni wasaidizi au watu waliobebwa kwa hisani. Mwalimu alikuwa ameandika na watu wengi, wa hapa na wa nje, na kwa herufi yake, kila mahali alikuwa wa mwisho.

Kamati ya vyeo ya chuo haikuwa na mtu wa hisabati. Mwenyekiti wake alikuwa profesa wa samaki. Na fomu ya kuomba cheo ilikuwa na jedwali, na kwenye jedwali kulikuwa na safu iliyoandikwa: mchango wako kwa asilimia. Mara ya kwanza Mwalimu alipoomba uprofesa, alijaza kila kitu kwa mwandiko wake mzuri, na alipofika kwenye safu hiyo aliandika, mbele ya kila makala, neno moja: haifafanuliki. Ndivyo tunavyosema kuhusu kitu kama kugawanya kwa sifuri. Si dharau wala si mzaha, ni jibu sahihi. Kamati ilisoma kiburi. Wakairudisha fomu, wakamtaka aandike namba.

Mkuu wa idara wa wakati ule alimfuata ofisini kumbembeleza. Mlango ulikuwa wazi, nilisikia.

"Andika namba yoyote, bwana. Andika hamsini. Watu wanaandika tu."

"Nani kakwambia ni hamsini?"

"Hakuna aliyeniambia. Ni fomu."

"Basi siwezi kuandika kitu ambacho hakuna anayekijua, halafu niweke saini chini."

Akanyimwa. Miaka ikapita, akaomba tena, akaandika neno lilelile, akanyimwa tena. Nilimkasirikia sana wakati ule na bado namkasirikia. Angeandika barua moja ya mistari miwili kueleza alfabeti, mambo yangeisha. Alikataa kwa maelezo kwamba anayepima kazi ya fundi anapaswa kuujua ufundi. Alikuwa sahihi, na usahihi wake haukumsaidia kitu. Mkewe aliendelea kufundisha shule ya msingi akiwa na magoti mabovu, na watoto wake wakakua wakisikia kwamba baba yao anasubiri majibu.

Sasa niseme ya kwangu. Ilipofika zamu yangu kuomba uprofesa mshiriki, makala ile ya stesheni ndiyo ilikuwa nguzo ya maombi yangu. Safu ile ile, swali lile lile. Nilikaa nayo wiki nzima. Kisha nikaandika sabini kwangu, thelathini kwake. Fomu ilihitaji saini ya mwandishi mwenza. Nilisubiri mpaka nilipomwona ameingia darasani, nikaiweka mezani kwake chini ya dasta, na kikaratasi: Mwalimu, naomba saini, wanafunga kesho. Asubuhi niliikuta kwenye kisanduku changu cha barua. Saini, tarehe, basi. Kwa miaka mingi nilijiambia kwamba hakusoma, kwamba alisaini tu kwa haraka. Nilijidanganya. Huyu ni mtu anayesoma hata maandishi ya kwenye kiberiti.

Nilipewa cheo. Na kwa kuwa sasa nilikuwa na cheo, idara ikanituma kuiwakilisha kwenye kamati ileile, na jalada la kwanza nililolikuta mezani lilikuwa la Mwalimu. Lilikuwa ombi lake la tatu, na la mwisho, maana umri wa kustaafu ulikuwa umeshafika.

Profesa wa samaki alifungua jalada, akapitisha kidole kwenye orodha ya makala. "Tazameni wenyewe," akasema. "Kila mahali yuko mkiani. Huyu ni abiria." Mtu wa udongo akacheka kidogo. Kisha mwenyekiti akanigeukia, kwa adabu kabisa. "Mama, wewe ni mtu wa idara. Una la kuongeza?"

Nilikuwa nalo. Neno moja, alfabeti, lingetosha. Lakini ningelisema, mtu yeyote mwenye akili angeuliza: kama mpangilio wa majina hausemi lolote, sabini yako uliitoa wapi? Jalada langu lilikuwa kwenye kabati nyuma ya kiti cha mwenyekiti.

Nilisema, "Sina la kuongeza, Mwenyekiti."

Miezi michache baadaye walimuaga kwa saa ya ukutani yenye nembo ya chuo na doti ya khanga kwa mkewe. Mwenyekiti yuleyule alishika kipaza sauti akasifu uvumilivu wake. Mwalimu alirudi Tabora kwa treni, na saa akaitundika kwenye banda la kuku, ambako ipo mpaka leo. Nilipoiona nilimuuliza kama inafanya kazi. Akasema inafanya kazi vizuri sana.

Kiangazi cha mwaka huu nilikwenda kwake nikiwa na barua ya kurasa tatu. Nilikuwa nimemwandikia makamu mkuu wa chuo. Nilieleza desturi ya alfabeti, nikaeleza fomu yangu, nikaeleza nilivyonyamaza, nikaomba jalada la Mwalimu lifunguliwe upya na la kwangu pia. Nilijua wanaweza kunivua cheo. Sikutaka kuituma kabla hajaisoma.

Mkewe alinikaribisha barazani, akaniwekea chai na sahani ya matobolwa, vile viazi vyetu vilivyochemshwa vikakaushwa. Mama huyu hana maneno ya kuzunguka. "Mimi ningekurudisha hapohapo mlangoni," aliniambia. "Ni yeye kasema uingie." Akaingia ndani, akaacha mlango wazi.

Mwalimu alitoa kalamu nyekundu kabla ya miwani. Alisoma kwa utaratibu wake, mstari kwa mstari, na mimi nikashindwa kusubiri.

"Ile fomu yangu uliisoma, Mwalimu?"

"Nasoma kila ninachosaini."

"Uliiona sabini."

"Niliiona."

"Na hukusema kitu."

"Niseme nini? Namba ile haikuwa na maana. Ungeandika tisini ningesaini. Ungeandika tano ningesaini. Ulihitaji saini, na ilikuwa inafungwa kesho."

Afadhali angenitukana. Nikamwambia, "Na kwenye kamati? Nilinyamaza kule."

Aliweka kalamu chini.

"Ile ilikuwa na maana," akasema. "Ile iliniuma. Nilijua jioni ileile. Mwenyekiti alinipigia simu, nadhani alitaka kunifariji. Akasema, hata mwanafunzi wako mwenyewe hakuwa na la kuongeza."

Aliichukua kalamu akaendelea kusoma. Nilipoinama kutazama, niliona kwamba pembeni mwa sentensi iliyoeleza kunyamaza kwangu ameweka alama ya vema, ndogo, kama ya kwenye daftari la mwanafunzi. Lakini ukurasa wa pili, pale nilipoandika kwamba mchango wangu katika makala ile haukuzidi asilimia kumi, alikuwa amekata. Juu yake ameandika: haifafanuliki.

"Umerudia kosa lilelile," akasema.

"Nataka niseme ukweli, Mwalimu."

"Basi usiongeze uongo mwingine. Visima ulivihesabu wewe, miaka miwili. Bila lile daftari ningechora nini pale stesheni? Sahihisha."

Nilikasirika. Nilikuwa nimekuja kujishusha, na hata hilo hakunipa nafasi. Ile kumi ilikuwa imenigharimu usingizi mwingi, na ilikuwa imenipa raha fulani ya kutubu, na yeye aliikata kwa mstari mmoja kwa sababu haikuwa kweli. Nilichukua kalamu yake, nikaandika upya ile sentensi bila namba yoyote, nikaweka saini chini, nikampa kalamu na barua. Akaisoma tena, akanirudishia.

"Niipeleke?"

"Barua ni yako."

Wakati huo muuza asali wa kutoka Sikonge akawa anaingia uani akisukuma baiskeli, madumu mawili nyuma. Anawaletea kila mwezi. Akaegemeza baiskeli ukutani, akavua kofia.

"Shikamoo, Profesa."

"Marahaba," akajibu Mwalimu. Nikasubiri amsahihishe kama kawaida yake. Badala yake alininyooshea ile kalamu nyekundu. "Lakini Profesa ni huyu."

Muuza asali alinigeukia kwa heshima yote. "Shikamoo, Profesa. Samahani, mama, sikukujua."

Mwalimu alinitazama kama alivyokuwa akinitazama zamani nikiwa ubaoni, anaposubiri uone mwenyewe hatua inayofuata. Barua ilikuwa mkononi mwangu.

"Marahaba," nikasema. "Daktari inatosha."

Yule bwana alimtazama yeye, akanitazama mimi, akakuna kichwa.

"Sasa hapa Profesa ni nani?"

Mkewe ndiye aliyejibu, kutoka ndani, bila hata kuchungulia.

"Hapa hayupo. Leta asali."